Sikukuu ya Aliye Lindoni

Hotuba iliyotolewa siku ya kilele cha maadhimisho ya ushirika wetu. Imeandikwa hapa kwa ajili yako uliyekuwepo, na kwa ajili yako ambaye hukuweza kuvuka mpaka mwaka huu.



Wapendwa, mliopita Namanga, mliopita Mutukula, Rusumo na Kobero, na ninyi wa Uvira mliolala njiani, Mungu awabariki. Na wewe unayesoma haya nyumbani kwa sababu nauli haikutosha au barabara haikuwa salama, maneno haya ni yako kama yalivyo ya waliokuwa ukumbini. Pengine ni yako zaidi.

Nimepewa kusema juu ya familia na sikukuu. Ningeweza kusema juu ya kutapanya fedha Desemba, lakini hilo mnalisikia kila mwaka, na kila Januari mnakuja kukopa. Leo nataka tumseme mtu ambaye haonekani kwenye picha zetu za Krismasi. Ni yule mtoto wetu, mume wetu, dada yetu, aliye jeshini, mbali, mahali penye vita.

Angalia ibada yetu ya Krismasi inavyokwenda. Waliotoka mjini wanasimama, tunawapigia makofi. Waliotoka Ulaya na Uarabuni wanasimama, makofi yanaongezeka. Halafu maombi. Walio jeshini wanapata nusu ya sentensi: "na wale walio kazini mbali, Bwana uwalinde." Amina, kwaya karibuni. Na pale benchi la tatu amekaa mama aliyemtumia mwanawe ujumbe wa sauti tangu alfajiri. Anaifungua simu chini ya kitenge. Tiki moja. Mahubiri yanaisha, tiki moja. Wali unapakuliwa, watu wanacheka, wanamwambia "mama, kula basi." Tiki ni ile ile. Anayejua maana ya tiki moja siku ya tatu hahitaji kuelezwa na mimi.

Jambo hili si geni kwetu. Kuna nyumba zenye babu aliyeitwa Bama maisha yake yote kwa sababu alirudi kutoka Burma. Mwaka 1944 Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilipigana kule na Wajapani. Vijana wa Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland, ambayo leo ni Malawi, walikuwa pamoja, na Kiswahili kiliwaunganisha wengi wao. Ukiangalia vizuri, lile lilikuwa kusanyiko la kuvuka mipaka kabla ya hili letu, ila wao hawakuulizwa kama wanataka kwenda. Waliteremka bonde la Kabaw katikati ya mvua za kule, na malaria, na matope yanayomeza magari. Mwanzoni mwa Desemba wakafika Kalewa, kwenye mto Chindwin, na tarehe 10 daraja la chuma la zaidi ya mita 300 likawa tayari juu ya mto ule. Zilibaki siku kumi na tano kufika Krismasi.

Hao walikuwa na barua tu. Na barua yenyewe, kwa asiyejua kuandika, ilipita kwa mwenzake anayejua, ikapita kwa ofisa wa kukagua, ikapanda meli, na ikifika kijijini inasomwa na mwalimu wa shule, majirani wamekaa wanasikiliza. Hebu fikiri kumwambia mkeo neno la moyoni kwa njia ile! Ndiyo maana wazee wale waliandika salamu tu: mimi mzima, ng'ombe hajambo? Wengi hawakurudi. Nje ya mji wa Yangon, mahali paitwapo Taukkyan, yamechongwa majina ya askari karibu 27,000 wasio na kaburi linalojulikana, na humo yamo majina ya watu wa huku kwetu kabisa.

Lakini vita ninavyotaka tukae navyo ni vya karibu zaidi, kwa sababu humu ndani wamo waliovipitia kutoka pande zote mbili. Nazungumzia vita vya Kagera.

Mwisho wa Oktoba 1978 jeshi la Idi Amin liliingia Kagera. Likatangaza kwamba eneo la kaskazini ya mto ni la Uganda, na daraja la Kyaka likavunjwa. Watu waliuawa, ng'ombe wakasombwa, kiwanda cha sukari kikaporwa. Tarehe 2 Novemba Mwalimu Nyerere akatangaza kwamba Tanzania itapigana. Wakakusanywa wanajeshi, JKT, polisi, magereza, na mgambo kwa maelfu. Zingatia hao mgambo. Wengi wao wiki chache nyuma walikuwa na jembe mkononi, au wako kiwandani. Hawakuwa watu waliojizoeza kukosa sikukuu. Idd el Haji iliangukia mwezi ule ule wa Novemba, kwa hiyo ndugu zetu Waislamu ndio walioanza, nayo ikawakuta kambini au kwenye malori. Krismasi ilifuata, Jumatatu. Wakati huo sehemu kubwa ya eneo ilikuwa imeshakombolewa, lakini mpakani mizinga ilikuwa haijanyamaza. Mutukula yenyewe ilichukuliwa Januari.

Watu wa Bukoba, ninyi mnajua Desemba kule ikoje. Ni mvua, na ni senene. Mtoto wa Bukoba akiwa popote duniani, mwezi huo ukifika anawaza senene. Lakini mwaka ule, kaskazini ya Kyaka, vijiji vingi havikuwa na watu wa kuwakamata. Waliobaki ni vijana wa Mtwara na Singida na Unguja, wamelowa, wanalinda migomba isiyo yao. Ukipita Kyaka leo utaliona gofu la kanisa lililobomolewa na vita vile. Liko pale mpaka sasa.

Sasa chukua kalenda ya mwaka 1979, maana hapa ndipo ninapotaka kuchelewa kidogo. Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili. Ilikuwa Jumatano ya juma takatifu. Profesa Yusuf Lule aliapishwa kuwa rais tarehe 13, siku ya Ijumaa Kuu. Tarehe 15 ni Pasaka. Pasaka ya kwanza Kampala bila Amin tangu ile ya 1970.

Wapendwa wa Uganda, mnajua siku ile ilikuwa na uzito gani kwa watu wa namna yetu. Septemba 1977 Amin alipiga marufuku mashirika ya dini 27, Wapentekoste wakiwamo. Walioruhusiwa ni Wakatoliki, Waanglikana, Waorthodoksi na Waislamu, na hata walioruhusiwa hawakuwa salama, kwani Februari ya mwaka huo huo Askofu Mkuu Janani Luwum alikuwa ameshauawa. Waliookoka wakawa wanakusanyika vyumbani, madirisha yamefungwa, wakiimba kwa kunong'ona. Miezi kumi na tisa hivi! Halafu, ghafla, Pasaka.

Na barabarani amesimama kijana wa Kitanzania. Ametoka mpakani kwa miguu, sehemu kubwa ya safari ile waliitembea. Hajui neno la Kiganda. Anachojua ni Kiswahili, na Kiswahili kwa mtu wa Kampala wakati ule kilikuwa lugha ya kizuizini, lugha ya "shuka kwenye gari." Yeye anakitumia kusema shikamoo. Watu walishangaa: kumbe kuna askari anayekusalimu! Nisiifanye siku ile kuwa tamu kuliko ilivyokuwa. Mji ulikuwa unaporwa, maduka yamevunjwa, na mikono iliyopora haikuwa ya raia peke yao. Lakini fikiria Pasaka ile ya watu wa aina mbili wanaokutana: mmoja yuko nyumbani na amekatazwa kuabudu hadharani kwa muda mrefu, mwingine yuko huru kuabudu ila hana nyumbani. Kila mmoja anacho ambacho mwenzake hana.

Vita havikuishia pale. Jinja ilichukuliwa tarehe 22 Aprili, majeshi yakaendelea kaskazini, na tarehe 3 Juni yakafika mpaka wa Sudan. Hapo mapigano yakaisha. Tarehe 3 Juni ni siku ya Mashahidi wa Uganda, kila mtu analijua hilo. Lakini hesabu siku hamsini kutoka Pasaka ya mwaka ule, ukihesabu na Pasaka yenyewe. Ilikuwa Jumapili ya Pentekoste.

Tafadhali, msipige makofi. Sisemi kwamba Mungu alipanga vita kwa kufuata kalenda ya kanisa. Anayesema hivyo huenda hajazika mtu. Ninachosema ni kwamba kijana yule Krismasi ilimkuta Kagera, Pasaka ikamkuta Kampala, Pentekoste ikamkuta karibu na Sudan, na mama yake kule Singida alizipita sikukuu zote tatu bila kujua mwanawe yuko wapi. Na wapo ambao mama zao walikuwa wakiwaombea usalama wakati wao wameshafariki. Makaburi yapo Kaboya, wilaya ya Muleba.

Ya siku hizi mnayafahamu, nitayapita haraka. Tarehe 25 Desemba 2014, siku ya Krismasi yenyewe, al-Shabaab walivamia kambi ya Halane mjini Mogadishu, na miongoni mwa waliouawa walikuwamo askari wa Umoja wa Afrika. Tarehe 7 Desemba 2017 walinda amani wa Tanzania walivamiwa Semuliki, huko Beni, na zaidi ya kumi wakauawa. Majeneza yakapokelewa nyumbani katika mwezi ule ule ambao familia zilikuwa zinahesabu wiki. Mwisho wa Novemba 2021 jeshi la Uganda liliingia Congo kufanya operesheni pamoja na jeshi la huko, na Krismasi ya mwaka ule, Beni mjini, bomu lililipuka kwenye mgahawa watu wakiwa kwenye sikukuu. Basi askari alikuwa mbali na kwao, na mwenye mji naye hakuwa na sikukuu.

Tufanye nini? Mimi naona tumfuate mzee Yese. Watoto wake watatu wakubwa walikuwa vitani na Sauli. Mzee hakukaa tu kuomba. Alimwita mdogo, akampa bisi na mikate kumi apelekee kaka zake, na jibini kumi za mkuu wao wa jeshi. (Mzee alikuwa na akili. Alijua ukimkumbuka na mkubwa wake, mtoto wako ataangaliwa.) Halafu akamwagiza jambo ambalo sisi tunaliruka: awaangalie hali zao, arudi na habari. Sisi hatutumi mikate, na habari tunazisubiri kwenye redio.

Huyo huyo Daudi baadaye alikuwa vitani mwenyewe, amejificha pangoni, na kwao Bethlehemu kumekaliwa na Wafilisti. Akatamani maji. Maji hayakuwa yamekosekana duniani. Alitamani ya kisima cha langoni kwao. Ndivyo alivyo askari wakati wa sikukuu. Tukiamua kumtumia kitu tunawaza soksi na dawa ya meno. Soksi kapewa na jeshi. Yeye anataka kisima cha kwao. Mtumie sauti ya kwaya yenu ikikosea pale pale inapokosea kila mwaka. Mtumie sauti ya baba yake akikohoa na kuuliza kama mbuzi amefungwa. Mtumie dagaa wa kukaanga, kama kuna mwenzake anayerudi kikosini. Ila mahubiri ya saa mbili msimtumie, jamani, bando ni lake.

Na kumbukeni mwisho wa kisa kile. Watu watatu walipenya kambi ya adui wakaleta maji, na Daudi hakuyanywa. Aliyamimina mbele za Bwana, kwa sababu yalipatikana kwa kuhatarisha roho za watu. Hapa nasema na wake, wachumba na akina mama. Usimlazimishe akupigie video Krismasi. Usimwambie "kama unanipenda nionyeshe ulipo." Usiweke picha yake na jina la kambi mtandaoni ukaandika "Mungu amlinde." Yuko mtu anayesoma, na haombi. Kiu yako ni ya haki kabisa, lakini hayo ni maji ya damu. Yamimine.

Neno kwa viongozi wa makanisa. Kuna maneno yanasemwa juu ya mke wa askari: "huyo ana dola za Umoja wa Mataifa." Kwa sababu hiyo haendewi na mtu. Mchango wa sikukuu analetewa bahasha ya kwanza, lakini mwaliko wa chakula halettewi, watu wanadhani kwake kumejaa. Akicheka, ameshamsahau mumewe. Akilia, hana imani. Alichotunga Daudi pale kijito cha Besori kilikuwa wazi: waliobaki kulinda vyombo wapate fungu sawa na waliokwenda kupigana. Huyu mama ndiye anayelinda vyombo. Watoto ni wake peke yake, shamba ni lake peke yake, na usiku mbwa akibweka anayeamka ni yeye. Siku ya Krismasi mwendeeni. Msiende kumkagua. Nendeni mle kwake, au mumchukue ale kwenu.

Sasa nafika mahali pagumu, na nimeomba kibali cha wazee kupasema.

Ushirika wetu una watu wa nchi ambazo majeshi yake hayaelewani. Sitataja majeshi. Mnayajua, na magazeti yanaweza kubadilisha habari kabla jarida hili halijafika mikononi mwako. Lakini katika mkutano mmoja anaweza kukaa mama ambaye mwanawe yuko mlima huu, na mama mwingine ambaye wake yuko mlima ule, na milima hiyo inatazamana. Mwombaji anasimama, anasema kwa sauti kubwa: "Bwana, wape ushindi askari wetu!" Nani aseme amina? Mmoja akiitika, ameomba mtoto wa mwenzake afe. Nimeona watu wakinyamaza kwenye maombi namna hiyo, na ukimya ule haukuwa ukimya wa Roho Mtakatifu.

Kuna wahubiri wanapenda kutoa kisa cha Krismasi ya 1914 Ulaya, jinsi Waingereza na Wajerumani walivyotoka mahandakini wakapeana mikono na sigara na kuzika maiti zao. Ni kweli ilitokea, katika sehemu kadhaa za mstari ule. Sehemu nyingine siku hiyo hiyo watu waliuawa, na mwaka uliofuata makamanda walikataza mapema. Mimi sijengi juu ya kisa kile. Askari wa kawaida hana uwezo wa kusimamisha vita, tusimtwike mzigo huo kwa hadithi nzuri. Lakini wewe na mimi hatuko chini ya amri ya jenerali. Sisi nani ametukataza?

Angalieni Watanzania na Waganda humu ndani. Mwaka 1979 Pasaka ile ile ya furaha ya Kampala, kulikuwa na mama kule Arua ambaye mwanawe alikuwa askari wa Amin, na yeye pia hakuwa na habari. Leo wajukuu wa pande zote mbili wameimba pamoja kwenye jukwaa hili na hakuna aliyeshangaa. Ilichukua miaka. Kuna waliotangulia kusameheana jikoni, wakimenya ndizi, kabla ya viongozi kuja na hotuba. Wapo hapa, siwataji, wanajijua.

Kwa hiyo wazee wamekubali jambo moja, tulianze Desemba hii katika matawi yote. Badala ya ile nusu sentensi, tutasoma majina. Jina moja la mtu, bila nchi, bila jeshi, bila cheo. Yohana. Furaha. Ezekieli. Yatachanganywa, na kila tawi litasoma orodha nzima, ya kwao na ya wengine, wala hutajua huyu Yohana ni wa mlima upi. Baada ya kila jina kutakuwa na kimya kidogo, halafu mkutano wote useme amina. Anayeona ugumu kuitikia jina asilolijua, aje tuongee. Sitamgombeza.

Karatasi zitakuwa mlangoni kwa akina mama wa ukarimu, na makatibu wa matawi watapokea majina mpaka Jumapili ya mwisho ya Novemba. Usiandike kikosi wala mahali alipo. Walio wagonjwa hospitali za jeshi waandikwe. Waliotekwa waandikwe. Kama hujapata habari za mtu wako kwa muda mrefu, na ndugu wameanza kukushauri uache kumngojea, mwandike tu na yeye.